Liz Smith: alianza filamu akiwa na miaka 49. Tujadili kazi yake kwa undani

Pazia_Jekundu

Wakuu, uzi huu ni wa Liz Smith, mwigizaji wa Uingereza aliyecheza nafasi za pembeni kuanzia 1971 hadi alipostaafu 2009. Huku kwetu jina lake halitajwi, ila sura mnaijua. Kwenye Charlie and the Chocolate Factory ya 2005 kuna wazee wanne wanaolala kitanda kimoja. Bibi Georgina, yule anayechomekea maneno yasiyohusiana kabisa na mazungumzo, ndiye yeye. Alikuwa na miaka 83.

Tahadhari kwa wanaomtafuta mtandaoni: kuna Liz Smith mwingine, Mmarekani aliyeandika safu za udaku magazetini (1923–2017). Wawili hawa huchanganywa, na picha zao pia. Wetu alizaliwa kwa jina la Betty Gleadle tarehe 11 Desemba 1921 huko Scunthorpe, mji wa viwanda vya chuma katika Lincolnshire, akafariki tarehe 24 Desemba 2016.

Kwa ufupi: mama yake alifariki yeye akiwa na miaka miwili, baadaye baba akaoa kwingine akamwacha, akalelewa na bibi yake. Tangu utotoni, karibu miaka tisa, alikuwa akicheza maigizo ya pale mjini kwao, na mara nyingi alipewa nafasi ya kikongwe. Wakati wa Vita vya Pili vya Dunia alijiunga na kikosi cha wanawake cha jeshi la majini. Aliolewa 1945, akazaa watoto wawili, wakaachana 1959. Hapo akabaki London na watoto na bili. Alifanya kazi kiwandani kwenye mifuko ya plastiki, alisambaza barua, na msimu wa Krismasi aliuza vitu vya kuchezea katika duka la Hamleys, Regent Street. Alikuwa kwenye kazi hiyo ya dukani alipofikiwa na Mike Leigh, muongozaji kijana aliyetaka kutengeneza filamu yake ya kwanza, Bleak Moments.

Hadithi hii husimuliwa kana kwamba muuza duka aliokotwa akafanywa nyota. Siikubali hata kidogo. Mtu aliyeitwa alikuwa mwigizaji aliyefundishwa, aliyekosa mshahara wa uigizaji tu.

MwanaKisauni

Shukrani kwa uzi bwana. Lakini haiwezekani tukaondoa bahati kabisa. London ilijaa wanawake wa umri ule waliofundishwa vizuri kumzidi, wenye mawakala. Mbona aitwe yeye?

Tamthilia Halisi

MwanaKisauni, swali zuri, na jibu lake limo katika jina moja: Charles Marowitz. Huyu ni Mmarekani aliyehamia London akafundisha uigizaji kwa misingi ya Stanislavsky, mwalimu wa Kirusi wa uigizaji wa kihalisia, na hasa uigizaji wa papo kwa papo, wakati shule kubwa za Uingereza bado zilianzia kwenye sauti, matamshi na kusimama vizuri. Liz Smith alikuwa mwanafunzi wake. Alikwenda baada ya kazi, hakulipwa, na hakuna mtazamaji wa kawaida aliyemwona.

Sasa angalia ramani ilivyokuwa. Mwaka 1968 Marowitz na Thelma Holt walifungua ukumbi wa Open Space, Tottenham Court Road. Mwaka 1970 Mike Leigh alionyesha Bleak Moments kama tamthilia ya jukwaani katika ukumbi huohuo. Mwaka uliofuata ikawa filamu, kwa fedha za kampuni ya Albert Finney. Duru ya watu London walioweza kujenga mhusika bila maandishi ilikuwa ndogo sana, na ndani yake wanawake wa karibu miaka 50 walihesabika. Waigizaji wenye mawakala unaowataja, wengi wao wangeuliza ukurasa wa kwanza wa maandishi uko wapi. Leigh hakuwa na ukurasa huo.

Kwa hiyo bahati ipo, ila ilimfikia mtu aliyesimama mahali panapohusika.

Niongeze jambo la chama. Zama zile Equity, chama cha waigizaji, kilikuwa na nguvu ya kufunga mlango: bila kadi hupati kazi, na bila kazi hupati kadi. Njia ya kawaida ya kuipata ilikuwa kulimbikiza wiki za kazi mikoani, kwenye kumbi ndogo na maonyesho ya msimu. Ndiyo maana wasifu wa waigizaji wa kizazi kile umejaa kambi za likizo za pwani. Liz naye alitumbuiza kambi za Butlin's. Ukiona hivyo kwenye wasifu usidhani ni aibu ya kufichwa. Kule mtu alijifunza kumshika mtazamaji aliyechoka, mwenye watoto wanaolia, ndani ya dakika mbili.

Mama Zuhura

Naomba kueleweshwa. Hiyo "bila maandishi" ya Leigh inafanyikaje hasa? Vikundi vyetu navyo husema havina skripti, na matokeo yake watu wanapigana vikumbo kwa maneno mbele ya kamera.

Tamthilia Halisi

Mama, hapo ndipo wengi wanapokosea. Kwa Leigh, kutokuwa na maandishi ni hali ya mwanzo. Kamera inapowashwa maneno yameshafungwa. Hatua zake ni hizi, kama yeye na waigizaji wake walivyozieleza miaka yote:

Kwanza, muongozaji hukaa na kila mwigizaji peke yake. Mwigizaji huorodhesha watu halisi anaowajua: majirani, mashangazi, wafanyakazi wenzake, mtu wa dukani. Watu wa kweli tu. Muongozaji huchagua mmoja, au huchanganya wawili watatu, na hapo mhusika anazaliwa.

Pili, hujengwa maisha yote ya mhusika tangu kuzaliwa. Alisoma wapi, mshahara wa kwanza ulikuwa kiasi gani, nani alikufa lini, kitanda kimekaa upande gani wa chumba. Kazi hii huchukua wiki nyingi na haina utamu wowote wa kuonekana.

Tatu, mwigizaji hutembea na mhusika nje: sokoni, kwenye basi, posta. Hapo mwili hujifunza mwendo bila kufundishwa.

Nne, wahusika hukutanishwa wawili wawili. Kanuni kubwa hapa ni kwamba kila mwigizaji anajua kile tu ambacho mhusika wake angekijua. Mke hajui mume amefanya nini kazini. Waigizaji wamekatazwa kujadiliana wahusika wao pembeni.

Tano, zoezi likiisha, muongozaji huwaambia watoke ndani ya wahusika kwanza, ndipo wazungumze. Na wanapozungumza husema "yeye alikasirika", hawasemi "mimi nilikasirika".

Sita, kutokana na mazoezi hayo muongozaji huchagua matukio, huyarudia mahali penyewe pa kupigia picha, hupunguza, hubadilisha, hadi kila sentensi na kila hatua imekaa. Ndipo kamera inapigwa.

Vikundi vingi huruka kutoka hatua ya kwanza hadi kamera. Matokeo yake ni hayo uliyoyataja: kila mtu anajaza ukimya kwa sababu anaogopa kuonekana amesahau. Kosa la pili ni kuwapa wote kisa kizima mapema. Mwigizaji akishajua mwisho, anaanza kuuigiza tangu mwanzo.

Pazia_Jekundu

Na ushahidi wa njia hiyo ni Hard Labour. Ilirushwa na BBC Machi 1973 katika Play for Today, mfululizo wa tamthilia za televisheni, mtayarishaji akiwa Tony Garnett. Liz Smith ndiye mhusika mkuu, Bi Thornley, mwanamke wa Salford anayesafisha nyumba za watu wenye nafuu, kisha anarudi kwake kumhudumia mume mlinzi wa usiku. Alikuwa na miaka 51.

Ukitaka kumwelewa kama mwigizaji anza hapa, usianzie kwenye vichekesho. Bi Thornley karibu haongei. Anajibu kwa silabi moja moja. Kila kitu kiko kwenye mikono: namna anavyokunja kitambaa, anavyopokea maagizo bila kuinua macho, anavyomsugua mume dawa mgongoni. Tukio la kusugua mgongo halina neno la maana hata moja, lakini ukilitazama unajua ndoa ile imefika wapi. Halafu karibu na mwisho anaingia kwa padri kuungama, na anachoungama ni kwamba hampendi mumewe. Anakitoa kwa sauti ya mtu anayetaja upungufu wa sabuni nyumbani. Mwigizaji mwingine angelia pale. Yeye halii, na ndiyo sababu tukio linauma.

Alison Steadman yumo humo kama mke wa mwanawe, kabla hajawa maarufu.

MwanaKisauni

Na Ben Kingsley yumo, dereva wa teksi! Kwa wasiojua: Kingsley ni Krishna Bhanji, babu yake mzaa baba alikuwa mfanyabiashara wa viungo aliyetoka India akahamia Zanzibar, na baba yake aliishi huko kabla ya kupelekwa Uingereza akiwa kijana. Kwa hiyo katika filamu hiyo ndogo ya Salford kuna uzi unaofika Mji Mkongwe. Miaka tisa baadaye akawa Gandhi.

Lakini narudi kwenye hoja. Baada ya nafasi kuu nzuri namna hiyo, mbona hakupewa nyingine? Mbona akarudi pembeni?

Fundi Sauti

Kwa sababu soko lilikuwa hivyo, MwanaKisauni. Mwanamke wa miaka 51 asiye na sura ya nyota hakuandikiwa nafasi kuu. Waandishi walimwandikia mama wa mtu, jirani wa mtu, mtumishi wa mtu. Mwigizaji wa nafasi za pembeni huishi kwa kuwa na nafasi ndogo nyingi zinazofuatana bila pengo.

Kilichompa uthabiti ni I Didn't Know You Cared ya BBC, 1975 hadi 1979, iliyoandikwa na Peter Tinniswood kuhusu ukoo mmoja wa kaskazini. Yeye alikuwa mama wa nyumba, Bi Brandon. Mfululizo wa misimu minne ni mambo matatu kwa mpigo: mshahara unaotabirika, malipo ya marudio kila kipindi kikirushwa tena, na sura kubaki machoni mwa wanaogawa nafasi. Hapo katikati ndipo mtu anachukua filamu kwa siku mbili tatu. Mfano ni The French Lieutenant's Woman ya 1981, ambako yeye ni Bi Fairley, yule mtumishi wa ndani mwenye jicho la kupeleka habari.

Nieleze wiki ya kazi ya vichekesho vya BBC zama hizo, maana wengi hudhani ni kufika studio na kuchekesha. Vipande vya nje hupigwa kwanza, wiki kadhaa kabla, kwa filamu ya milimita 16. Kisha kila kipindi kina wiki yake. Siku ya kwanza ni kusoma mezani. Siku zinazofuata ni mazoezi katika vyumba vya BBC vya North Acton, ambako ramani ya nyumba imechorwa sakafuni kwa utepe wa rangi: utepe huu ni ukuta, huu ni mlango, kiti kile ndicho kochi. Katikati ya wiki maneno lazima yawe kichwani. Kuelekea mwisho wanakuja watu wa kamera, taa na sauti kuangalia. Siku ya studio unakuta seti halisi kwa mara ya kwanza, unafanya mazoezi mchana na kamera nne au tano, na jioni watazamaji wanaingia mnarekodi.

Kinachoharibika kwa kawaida ni haya. Moja, mwigizaji anasogea nusu mita nje ya alama yake, anamfunika mwenzake au anatoka kwenye picha, kwa kuwa kila picha ilishapangwa kwa namba. Mbili, anaongea juu ya kicheko na mstari unapotea, au anasubiri kicheko kisichokuja na pengo linabaki wazi. Tatu, jukwaa la watazamaji linamfanya apaze sauti kama yuko ukumbini, wakati maikrofoni iko juu ya kichwa chake. Hili la tatu huwaangusha hata wakongwe wa jukwaani. Mtazame Liz Smith: sauti yake haipandi. Watazamaji wakicheka, anatafuta kitu cha kufanya kwa mikono, tukio linaendelea kuishi huku kicheko kikipita.

Mama Zuhura

Nasikia pia alipata BAFTA, ile tuzo ya filamu na televisheni ya Uingereza. Aliipataje?

Pazia_Jekundu

A Private Function, 1984. Imeandikwa na Alan Bennett, imeongozwa na Malcolm Mowbray. Ni mwaka 1947, mji mdogo wa Yorkshire, nyama inagawiwa kwa kadi, na wakubwa wa mji wanamlisha nguruwe kwa siri ili wamchinje siku ya harusi ya Binti Mfalme Elizabeth. Michael Palin na Maggie Smith ni mume na mke, Liz Smith ni mama wa mke, mzee anayeishi nao asiyejua vizuri kinachoendelea ndani ya nyumba. Binti yake hakosi kuwatajia watu kwamba mama ana miaka 74. Liz mwenyewe alikuwa na 62.

Filamu ilizoa BAFTA tatu za uigizaji: Maggie Smith kama mwigizaji bora wa kike, Denholm Elliott na Liz Smith kwa nafasi za kusaidia. Angalieni kazi yenyewe ni ipi. Nyumba ina harufu ya nguruwe, na bikizee anahofia harufu hiyo inatoka kwake. Karatasini ni utani tu. Liz anaicheza kama hofu ya kweli: mzee anayejua kwamba akionekana mzigo ataondolewa nyumbani. Unacheka, na wakati huohuo unamhurumia. Nakiweka kipande hicho juu ya kila kitu alichofanya katika vichekesho kabla ya 1998.

Mama Zuhura

Hapa nataka tutue kidogo. Alicheza vikongwe tangu mtoto, kisha akiwa na 62 anacheza 74. Makosa ya kuigiza uzee kwetu tunayajua: poda nyeupe kichwani, mgongo umepinda, sauti inatetemeka, fimbo. Yeye anafanya nini tofauti? Nataka vitu vya kuonekana, mtu aweze kuvifanyia mazoezi.

Tamthilia Halisi

Mama, tazama vipande vyake ukiwa umezima sauti, utaona mambo yafuatayo.

Hapindi mgongo. Anapunguza mzunguko wa shingo: akiitwa kutoka pembeni, macho yanatangulia, kisha mabega yote yanageuka pamoja. Mzee halisi mara nyingi anageuka hivyo kwa sababu shingo imekaza.

Kukaa na kusimama kuna hatua. Kabla ya kuketi, mkono unatafuta kiti kwanza. Kabla ya kusimama, miguu inarudishwa nyuma chini ya kiti, mikono inasukuma, kisha kuna kituo kifupi baada ya kusimama, kabla ya hatua ya kwanza. Waigizaji vijana hukiruka kituo hicho, wanasimama na kuondoka kwa pumzi moja, uwongo unaonekana hata wakiwa na fimbo mbili.

Sauti haitetemeki. Kilichobadilika ni pumzi: sentensi inakatika mahali ambapo kijana asingeikata, na mara nyingine mwisho wake unamezwa.

La nne ndilo kubwa. Mzee wake daima anajaribu kufanya jambo kwa usahihi. Hajaribu kuwa mzee. Anajaribu kufungua pakiti, kusikia kilichosemwa, kupata kipande kikubwa cha keki bila kuonekana mroho. Uzee ni kikwazo tu kati yake na shabaha yake. Ukiuigiza uzee wenyewe, huna shabaha, na mtazamaji anaona poda.

Zoezi: chukua kazi moja ndogo, tuseme kutunga uzi kwenye sindano. Ifanye mara ya kwanza kawaida. Mara ya pili fumba jicho moja. Mara ya tatu fumba jicho moja na uvae glovu za kuoshea vyombo, na lengo lako libaki kutunga uzi haraka kabla mgeni hajafika. Usoni usiongeze chochote. Kinachotokea mwilini ndicho unachokitaka.

Nahodha_wa_Kipini

Mmeruka The Vicar of Dibley, vile vichekesho vya BBC! Huko ndiko watu wengi walikomjulia. Letitia Cropley, 1994 hadi 1996, mjumbe wa baraza la parokia anayepika vitu visivyopikika pamoja na kuwapelekea watu kwa upendo. Aliagwa kwenye kipindi maalumu cha Pasaka 1996, mhusika akafariki kitandani.

Fundi Sauti

Nafasi hiyo ni somo la jambo moja. Kila mtu mezani anajua chakula kile ni balaa. Letitia hajui. Liz hakonyezi kamera hata mara moja, anatoa sahani kwa fahari ya mpishi wa harusi. Akionyesha dalili moja tu ya kujua, kichekesho kinakufa, kwa sababu wenzake wanabaki hawana cha kuficha.

Linganisha sasa na The Royle Family, iliyoanza BBC Two Septemba 1998, ya Caroline Aherne na Craig Cash, pamoja na Henry Normal katika msimu wa kwanza. Dibley ina kicheko cha watazamaji. Royle haina. Aherne alishikilia isirekodiwe mbele ya watu, ikapigwa kwa kamera moja na filamu ya milimita 16, sebule moja ya Manchester, familia imekaa mbele ya televisheni, karibu muda halisi. Liz ni Nana, Norma Speakman, mama yake Barbara, mke wa Jim mwenye nyumba. Alikuwa na miaka 76.

Tofauti kwa mwigizaji ni kubwa. Kamera moja maana yake tukio linarudiwa kutoka pembe hii, kisha ile, kisha nyingine. Ukila biskuti kwenye neno fulani mara ya kwanza, lazima uile kwenye neno hilohilo kila mara, la sivyo picha haziungani. Kipindi ambacho watu wanakula, wanavuta sigara na kunywa chai muda wote ni jinamizi la muungano. Na bila kicheko huna kinachokuambia kama mstari umefika. Wengi wakikosa kicheko huongeza chumvi. Liz alirudi kwenye kile alichokuwa nacho tangu Hard Labour: kupunguza.

Mwangalie Nana asipokuwa na mstari. Anatazama televisheni kweli, anafuata mazungumzo kwa kuchelewa kidogo, anatengeneza sketi. Wahariri wanapenda mwigizaji wa hivyo, maana kila wakikwama wana uso wa kukimbilia.

Pazia_Jekundu

Na The Queen of Sheba, Oktoba 2006. Nana anaumwa, kitanda chake kimewekwa sebuleni, na mwisho anafariki. Kuna tukio ambalo Barbara, yaani Sue Johnston, anamtengeneza nywele. Wanawake wawili, wote wanajua, hakuna anayetamka. Liz anautoa mzaha mdogo mdogo kumsaidia binti asilie, na anapoonekana kufanikiwa ndipo sote tunashindwa. Kipindi kilipata BAFTA, na Liz alichukua tuzo ya British Comedy Awards ya mwigizaji bora wa kike wa vichekesho 2007. Alikuwa na miaka 84 alipokuwa akilitoa somo lilelile la Bi Thornley, miaka 33 baadaye.

MwanaKisauni

Nakubali sasa kwamba haikuwa bahati tu. Ila tusimfanye wa pekee. Katie Johnson alizaliwa 1878, akawa jukwaani tangu karne ya 19, na filamu iliyomtoa ni The Ladykillers ya 1955, ambayo ilimpa BAFTA. Alifariki 1957. Joan Hickson alianza jukwaani 1927, akawa Miss Marple, bikizee mpelelezi wa riwaya za Agatha Christie, wa BBC kuanzia Desemba 1984 akiwa na miaka 78, riwaya zote kumi na mbili hadi 1992. Uingereza ina desturi ya kuvumbua vikongwe.

Tamthilia Halisi

Ni kweli, ila hesabu zao ni tofauti. Johnson na Hickson walikuwa ndani ya taaluma muda wote. Hickson alishapata tuzo ya Tony kule New York 1979 kabla hajawa Marple. Kwao umaarufu ndio uliochelewa. Kwa Liz Smith kazi yenyewe ndiyo iliyochelewa. Anayefanana naye zaidi ni mwenzake wa kitanda kwenye filamu ile ya chokoleti: Eileen Essell, Bibi Josephine, aliyezaliwa 1922. Huyo aliacha uigizaji miongo mingi, akarudi alipokaribia miaka 80 baada ya kufiwa na mumewe, akapata mara moja nafasi ya Bi Connelly katika Duplex ya 2003.

Tofauti hiyo ina maana kwa mtu anayejifunza. Ya Hickson inakufundisha kuvumilia ndani ya kazi. Ya Liz inakufundisha namna ya kubaki na makali ukiwa nje ya kazi: kikundi kimoja kinachokutana kila wiki, mwalimu mkali, na mazoezi yasiyo na onyesho mbele yake.

Nahodha_wa_Kipini

Mpangilio wa kutazama basi, kwa anayeanza? Na zinapatikanaje?

Pazia_Jekundu

Mpangilio wangu: Hard Labour, A Private Function, vipindi vitatu vya Dibley vyovyote vyenye Letitia halafu cha Pasaka, msimu wa kwanza wa Royle mzima kwa mfuatano, ndipo The Queen of Sheba. Usianze na The Queen of Sheba. Bila kumzoea Nana kwanza, utaona mgonjwa tu.

Kwa nyongeza ndogo: Lark Rise to Candleford ya 2008, msimu wa kwanza, yeye ni Zillah, mtumishi wa posta. Kwenye Wallace & Gromit ya 2005 sikilizeni sauti ya Bi Mulch. Keeping Mum ya mwaka huohuo anakutana tena na Maggie Smith.

Hard Labour imo kwenye boksi la DVD la Mike Leigh at the BBC la 2009. Angalieni jambo hili kabla ya kuagiza: DVD za Uingereza ni za kanda ya 2, Tanzania na Kenya tumo kanda ya 5. Deki iliyofungwa kwa kanda moja itaikataa diski. Mfumo wa picha ni PAL kote, huo hausumbui. Tafuta deki isiyofungwa kanda, au tumia kompyuta yenye programu kama VLC, ingawa baadhi ya draivu nazo zimefungwa na huruhusu kubadilisha kanda mara tano tu, kisha zinaganda hapo.

Fundi Sauti

Na maandishi ya chini yawashwe, hasa Hard Labour na Royle. Lafudhi ya Salford na Manchester humeza viambishi, na Nana huongea wakati wengine wanaongea. Chagueni maandishi yaliyomo kwenye diski yenyewe. Yale yanayotengenezwa na mashine mtandaoni huandika sauti iliyo kubwa zaidi, ambayo ni ya Jim, na mistari ya Nana inarukwa yote. Mara ya kwanza tazama na maandishi, mara ya pili yazime uangalie mikono yake.